Chipukizi wa kamera apimwe kwenye chumba chenye dirisha moja

Jina jipya la mpigapicha wa sinema likianza kuvuma, sifa zinazomiminwa huwa zilezile. Watu husambaza vipande vya sekunde kumi: machweo ya rangi ya dhahabu, gari likikata barabara ndefu likitazamwa kutoka angani, uso uliomulikwa kwa taa za bluu na zambarau. Vipande hivyo vinavutia, na sina ugomvi na uzuri. Ninachopinga ni kwamba sehemu kubwa ya uzuri huo haikutoka kwa huyo tunayemsifia. Machweo yalikuwepo, droni ilikodishwa, na taa za bluu kila mtu anazo. Nikitaka kumjua mpigapicha chipukizi, navipita vipande hivyo vyote na kutafuta tukio ambalo hakuna anayelisambaza: watu wawili wamekaa chumbani, wanaongea kwa dakika tatu au nne.

Filamu nyingi zimejengwa kwa matukio ya aina hiyo. Chumbani hakuna mlima wala bahari ya kumsaidia mpiga picha. Kuna kuta, viti viwili, pengine meza, na dirisha. Kila kitakachoonekana kwenye picha kimeamuliwa na mtu, na asipoamua yeye, chumba kitamwamulia.

Tuchukue huo mwanga wa dirisha. Unampiga mwigizaji shavu la kulia. Kamera inaweza kukaa upande uleule unakotokea mwanga, na hapo uso wote utang'aa, macho yataonekana vizuri, na sura itakuwa bapa kidogo kwa sababu vivuli vyote vimekimbilia nyuma. Au kamera inaweza kuvuka ikakaa upande wa pili, upande wa kivuli. Sasa shavu lililo karibu nasi ni jeusi, mwanga unachora ukingo wa pua na paji la uso, na jicho moja tu ndilo linalometameta. Wapigapicha wazoefu hupenda upande huo wa kivuli kwa kuwa uso hupata umbo, na vijana wameliona hilo kwenye filamu nyingi kiasi kwamba wengi wao hulifanya bila kufikiri. Hapo ndipo ninapoanza kupima. Je, wote wawili wamewekwa kwenye kivuli sawasawa, eti kwa sababu inapendeza? Au yule anayeficha jambo ndiye aliyepewa giza, na yule anayeuliza akaachwa kwenye mwanga asioweza kuukwepa? Katika filamu ya kwanza ya chipukizi asiye wa kawaida, utaona pia giza likihama katikati ya mazungumzo: mtu anainuka kufuata glasi ya maji, anarudi kukaa kiti kingine, na bila neno kutamkwa tunajua mambo yamegeuka.

Umbali nao una sheria zake. Taa ndogo iliyo mita moja kutoka usoni, ukiisogeza hadi mita mbili, mwanga unaofika usoni unabaki robo. Dirisha kubwa mwanga wake hupungua taratibu zaidi, lakini mwelekeo ni huohuo. Maana yake ni kwamba mwigizaji akikaa karibu kabisa na dirisha, ukuta ulio nyuma yake utazama gizani wenyewe, bila kuzima kitu. Akikaa mbali, uso na ukuta vitapata mwanga unaokaribiana, na chumba kitaonekana kipana na cha kawaida. Kiti kikisogezwa nusu mita, tukio zima linabadilika hisia. Kijana anayeomba kiti kisogezwe kabla hajaomba taa ya tatu, huyo naanza kumwamini.

Halafu kuna jua. Tukio la dakika nne laweza kula nusu siku ya kupiga, na katika muda huo jua linasogea nyuzi 15 kila saa. Shoti iliyopigwa saa tatu asubuhi itaunganishwa na shoti ya saa nane mchana ndani ya sentensi moja ya mwigizaji, na mtazamaji hatakiwi kugutuka. Kwa hiyo mpigapicha anapanga: shoti pana zinazoonyesha dirisha lenyewe zinapigwa kwanza wakati jua liko mahali pazuri, na zile za karibu, ambazo dirisha halionekani, zinaachwa baadaye, kwa kuwa hapo taa kubwa iliyopitishwa kwenye kitambaa cheupe inaweza kushika nafasi ya jua. Pale kwenye seti, yaani mahali pa kupigia filamu, hiyo ndiyo kazi inayochosha kuliko zote, na hakuna mtu atakayeiona ikifanywa vizuri. Hakuna anayetoka ukumbini akisema, "Umeona mwanga ulivyokuwa uleule?" Lakini ikifanywa vibaya, waigizaji hodari huonekana kama wanaongea wakiwa katika siku mbili tofauti.

Lenzi huzungumzwa mno, na mara nyingi kwa namna inayopotosha. Kijana atakutajia milimita 35, 50 na 85 kana kwamba hisia zimo ndani ya kioo. Kinachobadilisha uwiano wa uso, pua ionekane kubwa au masikio yarudi nyuma, ni umbali kati ya kamera na mtu. Lenzi inaamua tu ni kiasi gani cha dunia kinaingia kwenye fremu ukiwa umesimama hapo. Ukimsogelea mwigizaji kwa lenzi pana, mtazamaji anajikuta yumo chumbani, karibu kukaa nao mezani. Ukirudi nyuma na kumvuta kwa lenzi ndefu, mtazamaji anakuwa mtu anayechungulia. Yote mawili ni halali. Swali la kumuuliza mpigapicha ni: sisi watazamaji ni nani kwenye tukio hili, na tumesimama wapi? Mwenye jibu la haraka na la wazi hukosea mara chache kwenye lenzi.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa Ari Wegner kutoka Australia. Kabla jina lake halijafika mbali, alipiga Lady Macbeth ya mwaka 2016, filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji William Oldroyd, iliyotengenezwa kwa bajeti ndogo na kwa sehemu kubwa ndani ya nyumba moja. Mwanamke kijana aliyeozwa kwenye nyumba hiyo anakaa kwenye kochi, katikati kabisa ya fremu, amevaa gauni la bluu. Kamera imetulia mbele yake. Hakuna kinachosogea isipokuwa usingizi unaomwelemea. Ukiikata shoti hiyo na kuiweka peke yake, ni picha ya mtu aliyekaa tu. Lakini kamera inamrudia tena hapo hapo kwenye kochi, na kila tunaporudi tumeshajua jambo ambalo hatukulijua mwanzo kuhusu huyo aliyekaa. Uamuzi wa kutosogea ndio unaotufanya tumtazame upya. Anapotoka nje kwenye upepo, kamera inabebwa mikononi na kumfuata, na mtazamaji anapumua naye. Mtu aliyefunga kamera namna ile kwa saa nzima, akijua kabisa kwamba haipati kipande cha kusambaza, ana nidhamu ambayo haifundishwi na kifaa chochote.

Miaka mitano baadaye Wegner alipiga The Power of the Dog ya mwongozaji Jane Campion, na mwaka 2022 akawa mwanamke wa pili kuteuliwa kuwania Oscar ya upigaji picha. Wa kwanza, Rachel Morrison, aliteuliwa mwaka 2018 kwa Mudbound, wakati tuzo hizo zimekuwa zikitolewa tangu 1929. Takwimu hiyo inasema mengi kuhusu chipukizi wangapi walizeeka wakisubiri kuaminiwa na kamera kubwa.

Bradford Young ni mwingine aliyeonyesha mkono wake mapema. Alisoma Chuo Kikuu cha Howard, mwaka 2011 akashinda tuzo ya upigaji picha kwenye tamasha la Sundance kwa Pariah, na 2013 akaishinda tena kwa filamu mbili kwa mpigo, Ain't Them Bodies Saints na Mother of George. Tangu mwanzo alikuwa na ujasiri wa kuliacha giza liwe giza. Wengi humkumbuka kwa hilo tu, na waigaji wake wamejaa: wanapunguza mwanga hadi hatuoni kitu, kisha wanasema ni mtindo. Hawakutazama vizuri. Chukua Arrival ya mwaka 2016, iliyompa uteuzi wa Oscar. Nyumbani kwa mhusika mkuu kuna dirisha kubwa la mstatili linaloangalia ziwa, na mara nyingi mwanamke huyo anaonekana akiwa mbele yake, uso ukiwa nusu kivulini. Baadaye anaingia ndani ya chombo cha wageni kutoka angani, na kinachomulika chumba kile cheusi ni mstatili mkubwa mweupe. Dirisha la nyumbani na ukuta wa wageni vina umbo moja na vinamwaga mwanga wa aina moja. Filamu hiyo inahusu kumbukumbu na wakati, na mwanga unatutayarisha kulipokea jambo hilo kabla hadithi haijalitamka. Giza la Young lina kazi. Limewekwa ili mstatili mmoja wa mwanga uwe na uzito.

Hapa siwezi kupita bila kuongelea ngozi nyeusi, kwa sababu ndipo chipukizi wengi wanapofaulu au kuanguka, na teknolojia yenyewe haikuwa rafiki tangu mwanzo. Kwa miongo kadhaa ya karne ya 20, maabara za kusafisha picha zilisawazisha rangi kwa kutumia kadi za Kodak zenye picha ya mwanamke mweupe. Kadi hizo ziliitwa Shirley, kwa jina la mfanyakazi wa kampuni aliyepigwa picha za mwanzo. Ngozi yake ndiyo ikawa kipimo, na nyingine zote zikahesabiwa kama tatizo. Mtafiti Lorna Roth, katika utafiti aliouchapisha mwaka 2009, alieleza kwamba miongoni mwa waliosukuma mikanda ya filamu iboreshwe kwenye rangi za kahawia ni watengenezaji wa chokoleti na wa samani za mbao, waliotaka bidhaa zao zitoke vizuri. Inauma kusoma hivyo. Nyuso za watu zilipata nafuu kwa sababu ya makabati.

Kamera za kidijitali za leo zinashika tofauti kubwa zaidi ya mwanga na giza, lakini mazoea yamebaki. Kipimamwanga kinachosoma mwanga unaorudi kutoka usoni kinadhani kila kitu duniani ni kijivu cha wastani. Kikielekezwa kwenye uso mweusi kitaagiza mwanga uongezwe, na ukikitii, uso unageuka wa majivu na ukuta wa nyuma unaungua, yaani unabaki mweupe mtupu. Wapo wanaofanya hivyo hadi leo kwa nia njema kabisa, wakiamini wanamsaidia mwigizaji aonekane. Ngozi nyeusi hurudisha mwanga kidogo uliotawanyika, na umbo lake hubebwa zaidi na mng'ao, ile michirizi ya mwanga kwenye shavu, paji na ukingo wa taya. Kwa hiyo dawa mara nyingi ni chanzo kikubwa, laini, kilichowekwa pembeni ili ngozi ikiakisi kama inavyoakisi dirisha. Ubao mweupe mkubwa usiotumia umeme waweza kufanya kazi ambayo taa kali ya mbele ingeiharibu. Na poda inayokausha uso, ambayo vyumba vya vipodozi huipaka kwa mazoea, inaua mng'ao huohuo.

Mpigapicha James Laxton na mwongozaji Barry Jenkins walilielewa hilo walipotengeneza Moonlight ya mwaka 2016. Waliziacha nyuso zing'ae, wakatumia mafuta mahali ambapo wengine wangepaka poda, na hawakukimbilia kujaza vivuli. Filamu ina sura tatu za maisha ya mtu mmoja, na kila sura ilipewa tabia yake ya rangi wakati wa kusawazisha rangi baada ya kupiga, kwa kuiga aina tofauti za mikanda ya filamu ya zamani. Ukiitazama mfululizo, tofauti hiyo huioni waziwazi. Unahisi tu kwamba miaka imepita. Jenkins na Laxton walijuana tangu wakisoma Chuo Kikuu cha Florida State, na filamu yao ya kwanza ndefu pamoja, Medicine for Melancholy ya 2008, ilifyonzwa rangi karibu yote. Miaka minane iko katikati ya filamu hizo mbili. Moonlight inapozungumzwa kama muujiza wa ghafla, nashangaa. Ni mazungumzo ya marafiki wawili yaliyochukua muda mrefu kukomaa.

Kuna wasomaji watakaosema napendelea kazi za kimyakimya na kudharau wanaothubutu. Hapana. Jarin Blaschke aliipiga The Lighthouse ya 2019 kwa filamu nyeusi na nyeupe, kwenye fremu nyembamba karibu ya mraba, yenye uwiano wa 1.19 kwa 1, akitumia kichujio kilichotengenezwa maalumu ili picha ifanane na zile za mikanda ya kale ya filamu isiyoona rangi nyekundu. Matokeo yake ngozi za waigizaji zinaonekana kukwajuka, kila kovu na kila mshipa unajitokeza, na wanaume wawili waliofungiwa kwenye mnara hawana pa kukimbilia kwenye fremu ile. Kichujio hicho hula mwanga, kwa hiyo walilazimika kumulika vyumba kwa nguvu kubwa ili vionekane kama vimewashwa taa ya mafuta tu. Hayo ni makeke makubwa kuliko ya droni yoyote. Nayakubali kwa moyo mmoja kwa kuwa hadithi ingekufa bila hayo.

Kinachonikera ni mtindo wa kununuliwa. Siku hizi rangi za filamu maarufu zinauzwa kama faili. Kijana anaipakia kwenye programu ya kuhariri, na ndani ya dakika moja video yake ya harusi na tangazo lake la viatu vina rangi moja na filamu ya kusikitisha aliyoitazama juzi. Sampuli ya kazi anayotuma kuombea ajira inakuwa dakika mbili za shoti thelathini zisizojuana, zimefungwa kwa muziki mkali. Mwajiri anavutiwa, mkataba unasainiwa, na wiki ya kwanza ya kupiga inagundulika kwamba huyu bwana hajawahi kushikilia tukio moja kuanzia mwanzo hadi mwisho. Simlaumu yeye peke yake. Sisi tunaoandika kuhusu sinema tumemvika kilemba cha ukoka. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, na tumekuwa wepesi kutumia neno "kipaji" kwa mtu ambaye hadi sasa ametuonyesha kamera aliyoikodi.

Tena tunawanyima muda. Campion alimwingiza Wegner kazini takriban mwaka mzima kabla ya siku ya kwanza ya kupiga The Power of the Dog, wakatembelea maeneo, wakachora, wakabishana. Chipukizi wa kawaida huitwa siku chache kabla, anakabidhiwa skripti na orodha ya vifaa, anaingia kwenye chumba ambacho hajawahi kukiona na anaambiwa waigizaji wako tayari baada ya nusu saa. Katika mazingira hayo atafanya lile analolijua: taa moja mbele, moja ya kujazia, moja nyuma, na kila chumba kwenye filamu kitafanana na kingine. Kisha tutaandika kwamba hana sauti yake.

Autumn Durald Arkapaw alipiga Palo Alto mwaka 2013, filamu ndogo kuhusu vijana, na miaka kumi na miwili ikapita hadi Sinners ya 2025, alipokuwa mwanamke wa kwanza kupiga filamu ndefu ya kuigiza kwa mkanda mpana wa filamu wa IMAX. Katikati kulikuwa na kazi nyingi, na kubwa kati yao ni Black Panther: Wakanda Forever ya 2022 aliyoifanya na Ryan Coogler, mwongozaji huyohuyo aliyerudi kumwita. Hilo la kurudi kumwita lina maana kuliko tuzo. Mwongozaji aliyekaa na mtu kwenye seti kwa miezi, akamwona akichoka, akamwona mvua ikimharibia mpango, kisha akampigia simu tena, ametoa ushahidi ambao hakuna sampuli ya dakika mbili inayoweza kuutoa.

Kwa hiyo ninaomba mambo machache, na nayaomba kwa dhati. Anayeajiri mpigapicha chipukizi amwombe tukio moja zima, bila kukatwa, bila muziki, ikiwezekana la ndani ya chumba, kisha amuulize kwa nini yule mtu alikaa upande ule wa dirisha. Jibu la "ilipendeza" halitoshi. Mtayarishaji mwenye bajeti ndogo apunguze siku moja ya kukodi kamera ghali, na fedha hiyo inunue siku za maandalizi: mpigapicha, mwongozaji na fundi mkuu wa taa wakae kwenye chumba chenyewe, saa ileile watakayopigia, waone jua linaingia wapi na linatoka lini. Majaji wa tuzo za chipukizi waache kutazama sampuli, watazame filamu nzima hata kama ni fupi. Na sisi waandishi, tunapotaja jina jipya, tutaje na uamuzi mmoja aliofanya, kwenye tukio lipi, na ulibadilisha nini kwa mtazamaji. Tukishindwa kuutaja, basi bado hatujaitazama kazi yake, na makala isubiri hadi tuitazame.